Lita Ngapi Zimo Bwawani?

Kila Jumamosi Houda aliamka mapema, akapanga foleni bombani na bidoni zake mbili za maji, kisha akarudi nyumbani Buyenzi kuosha vyombo na kufanya mazoezi ya shule. Jumamosi hiyo bomba lilikuwa kavu kwa siku ya tatu. Alirudi mikono mitupu, uso ameukunja, akamkuta baba yake, Tajudini, amekwisha kuvaa buti za mpira.

"Leo tunapanda wote kilimani Kiriri," baba alimwambia. "Nahitaji kichwa chako cha hesabu."

Tajudini alikuwa fundi bomba. Wiki hiyo alikuwa amepewa kazi ya kutunza bwawa la kuogelea nyumbani kwa Madamu Amélie. Mtunzaji aliyemtangulia alikuwa akitia dawa ya klorini kwa kukisia tu. Siku moja alizidisha, na Bonfils, mjukuu wa Madamu mwenye miaka sita, akatoka majini macho yamevimba. Wiki nzima mtoto hakuweza kutazama mwanga. Mtunzaji akafukuzwa.

"Kopo la dawa linasema kijiko kimoja kwa kila lita elfu moja," baba alieleza wakipanda kilima. "Sasa, ile pisini ya kuogelea ina lita ngapi? Hakuna anayejua. Mimi niliishia darasa la nne. Lakini nimemwambia Madamu kwamba binti yangu ni wa kwanza darasani. Kwake hili ni jambo dogo kabisa."

Houda alitabasamu. Mwalimu Léonce alikuwa amewafundisha ujazo wa sanduku: urefu mara upana mara kina. Tena mita moja ya ujazo ni lita elfu moja. Kazi ya dakika tano!

Maji ya bwawa yalikuwa ya kijani kama mchuzi wa majani ya lengalenga. Chini hakukuonekana kitu. Houda alipima kwa utepe: urefu mita nane, upana mita nne. Kisha akachovya mwanzi mrefu karibu na ngazi, akautoa na kupima sehemu iliyolowa. Mita mbili. Akaandika haraka: nane mara nne mara mbili, sitini na nne. Lita elfu sitini na nne.

Ili kuhakikisha, alikwenda kuchovya mwanzi upande wa pili. Safari hii ulilowa mita moja tu.

Alipiga hesabu upya, akapata lita elfu thelathini na mbili. Bwawa moja, majibu mawili! Alipima tena kule kwenye ngazi, akarudi tena huku. Jua lilikuwa likimchoma kisogo. Alifuta na kuandika, akafuta na kuandika, mpaka karatasi ikatoboka. Aliikunja kwa hasira, kisha ikambidi aikunjue, maana hakuwa na nyingine.

"Dada, umemaliza?" Bonfils aliuliza, akining'iniza miguu kwenye kiti. "Kesho nitaogelea?"

"Niache kidogo!" Houda alifoka.

Madamu Amélie akaita kutoka barazani, "Mtaalamu wetu, bado tu? Fanyeni kwa uangalifu, jamani. Maji ya bomba hutoka kidogo kidogo. Kulijaza bwawa hili kulituchukua wiki mbili. Maji haya yakiharibika, sina mengine."

Baba alimtazama Houda kwa matumaini. Houda aliinamia karatasi yake iliyotoboka. Atasemaje kwamba yeye, wa kwanza darasani, ameshindwa?

"Lita elfu sitini na nne," alisema kwa sauti kavu.

"Haya! Vijiko sitini na vinne." Baba alivaa glavu na kuanza kupima dawa kwenye ndoo. "Moja... mbili... tatu..."

Kila kijiko kilimgonga Houda kifuani. Alimwangalia Bonfils, ambaye alikuwa amekwisha kuleta taulo lake ingawa kuogelea ni kesho. Baba alipofika ishirini na tisa, Houda hakuvumilia tena.

"Baba, simama! Nimesema uongo. Jibu silijui."

Baba alitua kijiko. Mishipa ya shingo ilimsimama. "Asubuhi nzima, Houda! Asubuhi nzima tuko juani, kisha unanipa namba ya kubuni?"

Houda alilia. Hakulia kwa ajili ya hasira za baba tu, bali pia kwa zile namba zilizokataa kukubaliana. Baba alivuta pumzi, akavua glavu, akaketi kando yake.

"Haya. Ni nini hasa usichokijua? Nionyeshe."

"Kanuni yangu ni ya sanduku lenye chini sawa. Hili upande mmoja ni mita mbili, upande wa pili mita moja. Nitumie kina kipi?"

Baba alikuna kidevu. "Jana nilipitisha brashi huko chini toka mwanzo hadi mwisho. Sakafu haina vidato, ni mteremko mmoja tu."

Alileta beseni la plastiki la pembe nne, akalitia maji, akaweka jiwe chini ya upande mmoja. Maji yakaelemea upande wa pili. "Pima kwa vidole," alisema. Kwenye kina kikubwa vilikuwa vidole vinane. Kwenye kina kidogo, vinne. Baba akaondoa jiwe, beseni likakaa sawa. Houda alipima tena. Vidole sita, kila upande.

"Sita ni katikati ya nane na nne!" alisema, akifuta machozi. "Basi katikati ya mbili na moja..."

Alikimbia kuchovya mwanzi katikati ya bwawa. Mita moja na nusu! Nane mara nne mara moja na nusu: arobaini na nane. Vijiko arobaini na vinane, wala si sitini na vinne. Baba alivaa glavu tena, akaendelea kuhesabu kuanzia thelathini.

Jumapili jioni Madamu alipiga simu. Maji yalikuwa yametakata, Bonfils ameogelea hadi amechoka, na macho yake ni mazima.

Baba aliweka simu chini, akamgeukia Houda. "Nilikukasirikia jana, sikufichi. Lakini na mimi nilikosa. Nilikusifu mno mbele za watu, hata ukaogopa kusema hujui. Ila shika hili, mwanangu: kusema 'sijui' kulitugharimu asubuhi moja. Jibu lile la uongo lingemgharimu mtoto macho yake. Siku nyingine ukikwama, niambie mapema, tukwame wote wawili."