Nakala Isiyo na Radhi

Mashine ilikuwa wazi kifuniko, haina diski ndani, na bado ilikuwa ikizunguka. Mahmud akaichomoa kwenye umeme. Ikaendelea kuzunguka.

Ilikuwa baada ya alasiri, katika kibanda chake cha Langoni anakotengeneza mashine kuukuu za gemu, siku ya nne tangu wamzike rafiki yake Bakr.

Moyo ulimwambia sababu, naye hakutaka kuusikia. Mwezi uliopita Bakr alimletea diski ya gemu la mpira wa miguu, la zamani lisilouzwa tena, aiondoe mikwaruzo.

"Safisha tu. Usinakili."

"Gemu la tangu tuko chuoni? Nani atauliza?"

"Nakala ya akiba ni ya mwenye diski, na hata hiyo watu wa sheria wabishana. Wewe hata diski si yako."

Mahmud alicheka, na mwenzake alipoondoka akainakili kwenye kompyuta. Tena siku ya mazishi, babake Bakr aliposimama akauliza nani ana kitu cha marehemu, Mahmud alirudisha diski, habari ya nakala akaimeza. Shetani alimshika ulimi; lakini ulimi ulikuwa wake.

Sasa kioo kikawaka, gemu likafunguka, na padi ya pili ya kuchezea, iliyolala mkekani bila mkono, ikabonyezwa mara tatu, kama Bakr alivyozoea kabla ya penalti.

Alipaswa kukimbia. Alikaa akacheza. Akacheza siku sita, mlango kaubana, huku analia, na kila siku harufu ya kafuri, ile wanayopakwa maiti, ikizidi kumkaa kooni, hata siku ya sita akasikia kicheko nyuma ya shingo yake, kicheko cha Bakr kabisa, ila hakikatiki, hakivuti pumzi.

Mahmud akamwendea Mwalimu Jeilani, aliyewasomesha wote wawili, akamweleza yote; naye akaja akasoma dua mlangoni. "Bakr yuko kwa Mola wake, hachezi mpira. Huyu ni jini, kavaa tabia za mwenzio. Umemfungulia mlango kwa kitu usicho na radhi nacho. Kaombe radhi, kisha ufute."

Mamake Bakr, Bi Rawiya, alimsikiliza Mahmud mpaka mwisho. "Nimekusamehe, mwanangu. Ila kabla hujafuta, nipeleke nimsikie akicheka. Mara moja tu."

"Si yeye, Mama."

"Nawe umecheza na nani siku sita?"

Mahmud akaaga. Alirudi peke yake akafuta. Padi ikabonyezwa mara tatu, polepole, ikatulia. Akalala kifudifudi mkekani, akalia mpaka adhana ya magharibi.

Ijumaa akaenda kumwamkua Bi Rawiya.

"Hodi."

"Karibu. Sema polepole."

Kafuri ilimpokea ukumbini. Bi Rawiya alikuwa amekaa mbele ya mashine ya Bakr, na ile diski ya haki, aliyoirudisha Mahmud, ndani yake yazunguka, waya haujachomekwa popote. Kando ya padi alikuwa ameweka sahani ya mkate wa mofa, ungali wa moto.

"Umemfukuza kwako," akasema bila kumwangalia. "Nimemwita mimi. Ameya, karudi kwao."

Kicheko kikaanza, hakikuvuta pumzi. Naye mama akacheka pamoja nacho.