Kichupa cha Rafuni

Katika nyumba ya Klara, kule Mlola, kichupa hakikutupwa. Zahanati ilimpa dawa ya maji yule aliyekwenda na chupa yake. Basi vichupa vilikaa kwenye rafu juu ya meko, vimeshika masizi, vikingoja ugonjwa.

Mwaka ule wa mvua nyingi, macho ya mama mkwe wake, Bibi Marta, yalimwasha kwa moshi. Mama Zuhura, muuguzi wa zahanati, alimtilia dawa katika kichupa cha kahawia chenye mpira wa kudondoshea. Siku hizo hizo Nikodemo, mume wa Klara, aliomba dawa ya kupe kwa jirani. Alitiliwa kidogo katika kichupa kama kile kile. Akakiweka rafuni, akaenda shamba la kijiji.

Asubuhi Klara alimlaza mama mkwe, akamdondoshea tone jicho la kulia. Bibi Marta alishika uso. Kisha akasema polepole, "Mwanangu, leo dawa ina hasira."

Klara alinusa kichupa. Kilinuka kama ng'ombe aliyetoka kupakwa dawa. Alifanya alivyofundishwa na mama yake: kwa kuwa alikuwa akinyonyesha, akamkamulia maziwa ya titi lake jichoni, akalifunga kwa kitambaa. Nje, mvua na ukungu vilikuwa vimefunga njia. Wakangoja mpaka mchana.

Walipofika zahanati, Klara alisahau hata shikamoo. Mama Zuhura aliliosha jicho kwa maji mengi, lakini lilikuwa limekwisha kuwa jeupe. Hakumgombeza mtu.

"Ungeliosha papo hapo kwa maji safi, ukamimina mpaka mkono uchoke, ndipo mje," alisema. "Maziwa hayaondoi sumu. Na kitambaa kinaifungia ndani."

Klara akauliza kama jicho litarudi.

"Hilo halirudi, mama. Tulitunze lililobaki."

Akawaeleza kwamba sumu haihami kopo lake, hata tone moja, wala haikai nyumba moja na chakula. Kichupa cha dawa kichemshwe, kiandikwe, kisitiliwe kitu kingine.

Njiani Bibi Marta alimshika Klara bega, maana mawe ya upande wa kulia hakuyaona tena. Klara alilia njia nzima. Mkono ule haukuondoka begani.

Nikodemo alikifukia kichupa cha sumu mbali na mto. Tangu siku hiyo ng'ombe alipelekwa kwa jirani kupakwa dawa huko huko. Klara naye alikwenda kwenye kisomo cha watu wazima. Mwalimu alikuwa bado kwenye herufi za mwanzo, lakini Klara alimwomba neno moja kabla ya mengine yote. Alilibandika kwenye kichupa kipya.

Jicho la kushoto lilipona. Mpaka leo, likiwasha, Bibi Marta halali chini kwanza.

"Soma," humwambia.

"Macho," Klara husoma.

"Soma tena."

Klara husoma tena. Ndipo mama mkwe hulala, akafumbua jicho lake moja.