Treni Iliyosimama Mlangoni kwa Kila Mtu

Seremala alikuwa anapiga randa ubao uani. Mkewe, fundi cherehani, alikuwa anashona gauni kibarazani. Kila kitu kilikuwa sawa, isipokuwa kimoja: mke alimkumbuka mama yake.

Mama huyo aliishi mwisho wa reli, safari ya mchana na usiku. Basi halimfai. Akikaa sana, miguu inavimba kama mito. Treni angeiweza, maana kwenye treni mtu anasimama, anatembea, anajinyoosha. Lakini treni ya abiria ilikufa zamani, hata miaka miwili haikufikisha.

Asubuhi hiyo redio ikatangaza: treni inarudi!

"Mama anakuja!" Mke aliruka, gauni likabaki linaning'inia kwenye sindano.

"Tena hatapata tabu," seremala akasema, kifua mbele. "Stesheni iko mbali huko mbele. Tukifika hapa nyumbani, kando ya reli, navuta ule mpini mwekundu wa breki ndani ya behewa, treni inasimama, mama anashuka mlangoni kama bibi harusi. Mbona zamani nilikuwa nafanya hivyo!"

Mwenye gauni alikuwepo, analisubiri. Alikuwa jirani yao, gadi wa ile treni ya kwanza iliyokufa, yaani msimamizi wa safari anayepiga filimbi treni iondoke. Mtaani wanamwita Bibi Filimbi. Akavua miwani taratibu.

"Kumbe ni wewe! Nimekutafuta miaka yote hii, mwanangu."

"Mimi nilivuta mara chache tu, bibi."

"Wewe chache. Na muuza mkaa je? Na wale wa darajani? Kila mtu alikuwa na nyumba yake kando ya reli. Treni gani ile? Ilikuwa kama mbwa, inasimama kila nguzo!"

Seremala akacheka. Bibi Filimbi hakucheka.

"Si inasimama kidogo tu, halafu inaendelea?" seremala akauliza.

"Nani kakudanganya? Ukivuta mpini, breki zinabana magurudumu yote. Gurudumu linaburuzwa kwenye reli, linasuguka, linakuwa bapa upande mmoja. Halafu mimi nishuke, nikague behewa moja moja, ndipo tuondoke. Nyuma yetu treni za mizigo zinangoja. Badala ya kufika asubuhi, tunafika jioni. Abiria wakachoka, wakarudi kwenye mabasi. Mabehewa matupu. Treni ikafutwa."

Mke akamgeukia mumewe, mkasi mkononi. "Kwa hiyo aliyenizuilia mama yangu ni wewe?"

"Weka mkasi chini kwanza, mke wangu, tuongee."

"Mpini ule ni wa kuvutwa wakati wa hatari tu," Bibi Filimbi akaendelea. "Moto umewaka. Mtu ameanguka. Mtu amebanwa na mlango. Kama mtu anaumwa, mwite gadi kwanza. Kuiona nyumba yako dirishani si hatari."

"Sasa mama atembee toka stesheni na miguu ile?" seremala akauliza.

"Wewe si fundi wa mbao?"

Basi seremala akaunda mkokoteni wenye kiti na mto. Siku ya siku, treni ikaingia stesheni saa ile ile iliyotangazwa. Mama mkwe akasukumwa hadi nyumbani, anapungia watu kama mgeni rasmi. Majirani wakaona, nao wakataka ya kwao. Sasa mikokoteni imejaa pale stesheni, na mpini mwekundu umeshika vumbi.

Treni hii ya pili imeshaupita umri wa ile ya kwanza. Mama anakuja na kuondoka anavyotaka.

Majuzi seremala na mkewe walimfuata mama mwisho wa reli, wakarudi kwa treni wote watatu. Nyumba yao ikatokea dirishani, na Bibi Filimbi yuko kibarazani, anapunga kitambaa. Seremala akainua macho kidogo tu, kuelekea juu kwenye mpini. Mkewe akamshika mkono wa kulia. Mama mkwe, bila hata kumtazama, akaudaka wa kushoto.

"Jamani," seremala akasema, "naombeni mkono mmoja tu, nimpungie jirani."

Wanawake wale wawili wakaendelea kutazama nje, nyumba ikipita polepole.