Binti Hakuulizwa

Kila asubuhi fundi cherehani alitoa mashine yake barazani na kuanza kushona. Binti yake alikaa kando akipachika vifungo. Kazi aliifanya vizuri, lakini mahali pake hapakuwa pale. Wenzake walikuwa darasani, wakijiandaa kwa mtihani wa mwisho. Jambo hilo lilimuuma mama mtu kila alipoinua macho.

Shule ilimfukuza binti kwa madai kwamba aliongoza mgomo bwenini. Bodi ya shule ilikaa, ikaamua, basi. Mahakama ya kwanza nayo ikasema nidhamu ni kazi ya shule, ikatupilia mbali ombi la fundi. Fundi akapiga moyo konde, akakata rufaa. Kisha akaanza kujiandaa kwa namna aliyoijua mwenyewe.

Jioni aliwakusanya mashahidi. Kinara wao alikuwa shemeji yake, mdogo wa mumewe. Siku ya mgomo binti alikuwa nyumbani kwa baba yake mdogo huyo, ana homa, kwa ruhusa ya mlezi wa bweni. Fundi alimshonea shemeji koti jipya la kuvaa mahakamani. Shemeji akawa anatoa ushahidi mbele ya kioo, akikohoa kama mkubwa fulani.

Jirani yao alikuwa mwanasheria wa kituo cha msaada wa kisheria. Siku moja alifuata sketi yake, akamkuta shemeji katikati ya hotuba. Akamsikiliza mpaka mwisho.

"Koti limekukaa, kaka," alisema. "Lakini mahakama ya rufaa haitakuita."

Fundi akaacha kushona. Jirani akavuta kigoda, akaeleza taratibu. Mahakama ya rufaa hairudii kesi tangu mwanzo. Kwa kawaida haipokei mashahidi wapya. Hupitia yale yaliyofika mahakama ya kwanza, na kuangalia kama sheria ilifuatwa. Wala majaji hawakalii kiti cha bodi ili waamue wao nani abaki shuleni.

"Sasa ukweli wetu tuupeleke wapi, dada?" fundi aliuliza.

"Subiri kwanza. Kabla ya kumfukuza, bodi ilimwita binti ajieleze?"

"Hawakumwita. Mimi mwenyewe habari nilipewa getini."

"Mahakama ya kwanza uliiambia hivyo?"

"Niliiambia, ila kwa kupita tu. Nguvu zote niliziweka kwenye homa."

"Basi hapo ndipo pa kushika," alisema jirani. "Bodi ina mamlaka ya kuadhibu. Haina mamlaka ya kuadhibu mtu bila kumsikiliza."

Shemeji alivua koti polepole, akanung'unika kwamba asiyekuwepo na lake halipo. Jirani akamjibu kwamba ndivyo binti alivyofanyiwa, na sheria inakataza.

Siku ya rufaa ilipofika, jirani alisimama kumtetea fundi. Hakuzungumzia homa hata kidogo. Alisema binti hakuulizwa, akaonyesha kwamba jambo hilo lilitajwa tangu mwanzo. Majaji wakakubaliana naye. Wakaufuta uamuzi wa bodi na kuiagiza ikae upya, imsikilize binti haraka, kabla ya mtihani. Kama aligoma au hakugoma, hawakusema.

Fundi alitoka akiwa amenyong'onyea. Alitaka kusikia neno moja tu, kwamba mwanawe hana kosa.

"Nimeshinda nini sasa?" aliuliza koridoni.

"Umeshinda nafasi ya kusikilizwa," jirani alimwambia. "Ule ukweli wako sasa umepata pa kwenda. Mlete shemeji na koti lake."

Bodi ilikaa tena. Shemeji alieleza, mlezi wa bweni akathibitisha kwamba ndiye aliyetoa ruhusa. Lakini kabla yao wote, mwenyekiti alimgeukia binti na kumwomba aeleze yeye mwenyewe. Binti alisimama, akaeleza bila haraka, na hakuna aliyemkatiza. Baada ya mashauriano, bodi ikamrudisha shuleni.

Njiani kurudi nyumbani fundi alimshika binti mkono, machozi yakimlengalenga kwa furaha. Alimuuliza kama aliogopa.

"Niliogopa siku ile waliponifukuza," binti alisema. "Leo waliniuliza, mama."