Daraja Halina Zamu

Kila alasiri katika mwezi wa Juni, Leonsia alipotoka shuleni hakuwa na muda wa kupoteza. Alivua sare yake, akaitundika kwenye kamba, akala kiazi kimoja akiwa amesimama, kisha akashika fimbo ya kupuria maharage. Uani, juu ya ardhi iliyosilibwa kwa samadi ya ng'ombe, Nimpaye alikuwa amekwisha kuanza. Paa! fimbo ya huyu, paa! fimbo ya yule. Maharage yaliruka kutoka kwenye maganda makavu, naye Selestina, mama yake Leonsia, aliyapepeta kwa ungo upande wa upepo.

Nimpaye alikuwa na miaka kumi na mitatu, mmoja zaidi ya Leonsia. Yeye na bibi yake walifika kijijini hapo Bukiriro mwishoni mwa mwaka uliotangulia, mwaka wa tisini na tatu, vita vilipowatoa kwao Burundi wakavuka mto Ruvubu. Selestina aliwapa chumba cha nyuma kilichokuwa ghala, na tangu siku hiyo chungu kikawa kimoja. Lugha haikuwa tatizo. Kirundi cha wageni na Kihangaza cha wenyeji ni ndugu wa tumbo moja. Mtu akisema hiki, aliyezoea kile anaelewa. Kiswahili ndicho kilichompa Nimpaye taabu, na Leonsia alimfundisha wakati wa kupura.

"Sema 'ungo'."

"Ungo."

"Sema 'pepeta'."

"Pepeta," alisema Nimpaye. "Sasa sema wewe: 'Leonsia anaongea, Nimpaye anapura.'"

Selestina alicheka hadi ungo ukamyumba mikononi. "Amekupata, mwanangu! Haya, fimbo!"

Lakini Jumatatu hiyo Leonsia hakucheka. Alikuwa na jambo lililomkaa kooni kama mwiba wa samaki.

Pale shuleni, darasa la sita lilikuwa na kitabu kimoja cha kusoma kwa wanafunzi saba. Mwalimu wao, Kazimili, kijana wa Nyakahura kule Biharamulo, hakupenda kulialia. Siku moja aliingia darasani na rundo la karatasi na maboksi matupu ya mafuta ya kula ya msaada. "Vitabu haviji," alisema. "Basi tutaandika chetu. Kila mmoja ukurasa mmoja: nitakapokuwa mkubwa. Jalada ni boksi hili, uzi tutafumua kwenye gunia. Ijumaa ni siku ya wazazi, na afisa elimu atakuja kutoka Ngara. Ukurasa bora utasomwa mbele yake."

Wenzake waliandika siku hiyo hiyo. Wasichana watatu walitaka kuwa wauguzi. Bukuru, mcheshi wa darasa, alitaka kuendesha lori refu la kupeleka chakula Benaco, kwenye kambi ya wakimbizi. "Nitapiga honi kutoka kule juu," alisema, "na nyinyi wote mkimbilie mtaroni!" Leonsia peke yake, aliyezoea kuwa wa kwanza katika imla na hesabu, alikuwa na karatasi nyeupe. Kila alipojiuliza atakuwa nani, kichwa kilimjibu kwa ukimya. Alimwuliza mama yake, naye akamjibu, "Kuwa mtu." Hilo lingejaza mstari gani?

"Nimpaye," aliuliza sasa, fimbo yake ikiwa juu, "wewe ukiwa mkubwa unataka kuwa nani?"

Nimpaye aliacha kupura. Alifuta jasho kwa kiganja. "Nitajenga daraja pale Ruvubu tulipovukia," alisema kwa Kirundi. "Mtumbwi ulikuwa mmoja na watu tulikuwa wengi. Mwenye mtumbwi alitupanga kwa zamu. Zamu yetu ilipofika, nafasi zilibaki mbili. Baba akamweka bibi, akaniweka mimi, akasema, 'Nangoja zamu inayofuata.' Tulifika ng'ambo, tukageuka kutazama. Mtumbwi haukurudi tena kumchukua. Daraja halina zamu, Leonsia. Ukifika, unapita."

Kisha alinyanyua fimbo, paa, akaendelea na kazi.

Jioni, kabla giza halijaingia, Leonsia alikaa kizingitini na karatasi yake magotini. Alikusudia kuandika, "Rafiki yangu anataka kujenga daraja." Lakini huo ungekuwa ukurasa wa nani? Mkono ukaandika, "Mimi nataka kujenga daraja." Baada ya neno hilo la kwanza, mengine yalikuja yenyewe, maana kazi yake ilikuwa kugeuza Kirundi kuwa Kiswahili tu. Alipofika kwa baba wa Nimpaye, alisita. Hakuweza kuandika "baba yangu", kwa kuwa kila mtu kijijini alimjua Fideli, baba yake, mzima wa afya na shamba la kahawa. Akaandika, "mzee mmoja".

Jumanne mwalimu Kazimili alisoma ukurasa ule akiwa amesimama, akausoma tena akiwa amekaa. Kihangaza chake kilikuwa cha kuombea maji tu, wala hakujua yanayosemwa nyuani mwa watu. "Leonsia," alisema, "haya umeyatoa wapi?"

"Nimeyafikiri, mwalimu."

"Huu ndio ukurasa wa kwanza wa kitabu chetu. Utausoma wewe Ijumaa."

Darasa zima lilipiga makofi. Njiani kurudi nyumbani Bukuru alimfuata akiimba, "Injinia! Injinia wa Ruvubu! Nikipita na lori langu usinitoze, bwana!" Leonsia alitabasamu, lakini tabasamu lilimkaa usoni kama kiatu cha kuazima.

Siku ya pili yake, akifanya mazoezi ya kusoma, alijificha migombani nyuma ya nyumba. Alisoma kwa sauti, mkono mmoja ukipungia wazazi ambao hawakuwapo: "...nafasi zilibaki mbili. Mzee mmoja akasema, nangoja zamu inayofuata..."

Majani makavu ya migomba yalilia nyuma yake. Nimpaye alikuwa amesimama pale na kikapu cha ndizi. Miezi ile ya "ungo" na "pepeta" haikupotea bure. Alikuwa ameelewa kila neno.

"Hiyo ni karatasi ya shule?" aliuliza polepole.

"Ndiyo. Ni... mwalimu alisema tuandike."

"Na jina lililo chini ni la nani?"

Leonsia aliikunja karatasi.

"Ungeniomba, ningekupa nusu," alisema Nimpaye. Hakupaza sauti, na Leonsia alitamani angepaza. "Mkoba wangu wa shule uliangukia mtoni. Viatu vilibaki. Nimevuka na mambo mawili tu, bibi na hilo daraja. Halafu wewe umemwandika baba yangu 'mzee mmoja'. Mtu akimtafuta katika kitabu chenu, atampataje?"

Aliweka kikapu chini, akaondoka.

Alasiri hiyo walipura maharage. Fimbo zilipokezana kama kawaida, ila hakuna aliyesema "ungo" wala "pepeta". Selestina aliwatazama mmoja baada ya mwingine. "Kuna nini hapa? Mmemeza mawe?" Bibi wa Nimpaye alitoka chumba cha nyuma na habari: mjumbe amepita, magari ya shirika la misaada yatakuja Jumamosi kuwachukua wakimbizi wote walioko vijijini na kuwapeleka kambini Benaco. Huko kuna mgawo wa chakula na shule ya watoto.

Jumamosi! Leonsia alihesabu moyoni. Zilibaki siku tatu, na Nimpaye angeondoka Bukiriro akiwa na mambo pungufu kuliko aliyokuja nayo. Aliyempunguzia ni yeye, tena si kwa njaa wala kwa shida, bali kwa kuogopa kuonekana hana la kusema.

Alhamisi, wenzake walipokwenda kucheza rede, alibaki mlangoni mwa ofisi.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Ingia, injinia."

Mwalimu Kazimili alikuwa na sindano ndefu ya kushonea magunia, akikata mabaki ya uzi kwa meno. Kitabu kilikuwa tayari mezani, jalada lake limeandikwa kwa makaa na kupigwa mistari kwa rula. Kilikuwa kizuri. Leonsia alikitazama, akasogea hadi mezani.

"Mwalimu, daraja si langu."

"Si lako vipi?"

Akamweleza yote, kuanzia uani hadi migombani. Alipofika kwenye "mzee mmoja" machozi yalimtoka, lakini hakuacha kusema hadi mwisho. Fimbo ya mwalimu ilikuwa dirishani, na alijua ipo. Mwalimu hakuitazama. Alikisukuma kitabu mbele yake, na juu ya kitabu akaweka sindano.

"Fumua."

"Chote, mwalimu?"

"Uzi ni mmoja. Ukitaka kuutoa ukurasa wa kwanza, utafumua hadi wa mwisho. Nimeshona tangu asubuhi. Utafumua, na utashona tena wewe mwenyewe."

Ilikuwa kazi ya saa mbili. Uzi wa gunia ulimkata vidole, na wenzake walipopita dirishani walimwona ameinama. "Kulikoni, injinia, daraja limebomoka?" aliita Bukuru.

"Limebomoka," alijibu Leonsia. "Halikuwa langu. Ni la Nimpaye wa kwetu." Kicheko cha Bukuru kilikatika katikati; alisimama, akakuna kichwa, akaenda zake taratibu.

Kurasa zilipotapakaa mezani, Leonsia aliuliza alilokuwa akiliogopa kuliko fimbo. "Mwalimu, yeye hajaandikishwa hapa. Kitabu ni cha darasa la sita. Ukurasa wake unaweza kubaki?"

Mwalimu Kazimili alifikiri. "Kwao alikuwa darasa la ngapi?"

"La sita."

"Basi kaulize kama atakubali. Akikataa, ukurasa unachomwa, na kitabu kitakwenda bila huo."

Nimpaye alikuwa akifunga vyombo vya bibi yake kwa kamba ya mgomba. Leonsia alimwamkia bibi, kisha akapiga magoti karibu na rafiki yake. "Nimemwambia mwalimu. Nimelifuta jina langu. Ukisema ukurasa uchomwe, utachomwa. Ukisema ubaki, uandike mwenyewe kwa lugha yako, na baba yako umtaje jina."

Nimpaye alikaza fundo, akalivuta kulijaribu. Hatimaye alisema, "Kirundi sitakiandika kwa kalamu yako ile inayovuja. Tafuta nyingine."

Siku ya wazazi ukumbi ulikuwa uwanja wa shule wenyewe. Wazazi walikaa kwenye mikeka, afisa elimu akakalia kiti pekee kilichokuwa na egemeo. Nimpaye alisimama mbele na kitabu kilichoshonwa upya, kikiwa wazi kwenye ukurasa wake, na Leonsia akasimama kando yake, hatua moja nyuma.

Nimpaye alisoma kwa Kirundi. Wazazi wa Bukiriro hawakungoja tafsiri. Alipomtaja baba yake, Ndikumana mwana wa Ntahondi, aliyesema anangoja zamu inayofuata, mama mmoja aliziba mdomo kwa kiganja, na Fideli akavua kofia. Kisha Leonsia akayasema yale yale kwa Kiswahili, kwa ajili ya afisa na mwalimu. Safari hii kila sentensi aliianza na neno moja: "Nimpaye anasema." Alipofika kwenye jina la Ndikumana alilitamka kwa sauti kuliko maneno mengine yote.

"Nimpaye anasema: daraja halina zamu. Ukifika, unapita."

Afisa elimu hakupiga makofi mara moja. Alitoa kalamu mfukoni, akaliandika jina lile kwenye daftari lake. "Kambini wapo watu wanaoandikisha majina ya waliopotezana na jamaa zao," alimwambia Nimpaye. "Siwezi kukuahidi kitu, mwanangu. Ila jina hili nitalifikisha." Hapo ndipo makofi yalipolipuka.

Baada ya shughuli, mwalimu Kazimili aliwaita wasichana wote wawili ofisini. Alifungua kitabu kwenye ukurasa wa mwisho, ule aliouandika Leonsia Alhamisi jioni, wenye mistari miwili tu.

"Leonsia," alisema, "aliyeiba muhogo anaweza kupanda mwingine akalipa. Aliyechukua neno la maisha ya mtu, hana budi kulirudisha neno lile lile, mbele ya watu wale wale waliomsifu. Wewe umelirudisha, na limekugharimu. Hilo nimeliona. Lakini shika na hili, nanyi nyote mlioko mlangoni mkisikiliza, nawe Bukuru, shikeni: tumaini si jembe, mtu akaliazima asubuhi na kulirudisha jioni. Linaota kwa yale uliyoyaona wewe na unayoyafanya kwa mikono yako. La kwako likichelewa kuota, palilia na ungoje. Kusema 'sijui' si aibu. Aibu ni kuvuna shamba la jirani na kuliita lako."

"Ndiyo, mwalimu."

Nje, Nimpaye alimgusa bega. "Kesho tunaondoka. Kambini sitakuwa na mtu wa kunisahihisha."

"Mama huuza maharage soko la Benaco," alisema Leonsia. "Nitamsindikiza. Nitakuja kukusahihisha mpaka unichoke."

"Nimeshakuchoka," alisema Nimpaye, na kwa mara ya kwanza tangu migombani, alicheka.

Kitabu kilizunguka kutoka mkono hadi mkono, wazazi wakikigombea. Kilipomfikia Selestina, ambaye hakujua kusoma, alimwita binti yake. "Wa kwako ni upi?"

Leonsia alifungua mwishoni, akamsomea: "Mimi ni Leonsia. Sijui bado nitakuwa nani."

"Mbona mfupi hivi?"

"Ndiyo kweli yote niliyo nayo, mama."

Selestina alipitisha kidole juu ya sehemu nyeupe iliyobaki, akaitazama kwa muda kama mtu anayetazama shamba lililolimwa. "Basi kwa leo inatosha," alisema.