Mboga Hazifuliwi

Jumanne ya pili ya mwezi wa saba, Gatwiri alianguka shuleni. Walikuwa wamesimama kwa laini asubuhi, wanaimba. Mwalimu akanipigia simu. Nikakimbia kutoka mtaani kwetu, Chechelesi, na ndala miguuni.

Gatwiri ana miaka tisa. Ni yeye tu nimebaki naye tangu mke wangu Kathure, mama yake, alipofariki.

Kliniki walimtoboa kidole.

"Damu iko chini," daktari akasema. "Anahitaji vidonge vya kuongeza damu. Hapa vimeisha, nunua nje. Na ale vizuri."

Vimeisha! Ukuta wamepaka rangi mpya, picha ya mkubwa wameitundika, lakini vidonge vimeisha. Na hayo maneno, "ale vizuri," nilikuwa nayajua. Kathure aliambiwa hayo hayo, hapo hapo kliniki, akiwa na mimba. Damu yake pia ilikuwa chini. Alipojifungua akavuja damu, akaenda yeye na mtoto.

Vidonge nilinunua. Jioni nikapika. Upepo ulikuwa unapiga mabati na baridi imeingia mpaka kwa mifupa. Nilitia magadi kwa maharagwe yaive haraka, maana makaa yamekuwa ghali na hakuna mkubwa anajali. Terere, mchicha wetu wa kienyeji, nikaichemsha mpaka ikalala kabisa. Nikatoka nje kumwaga yale maji yake ya kijani.

"Salaam aleikum. Baba Gatwiri, unapika ama unafua?"

Alikuwa Dokata, Mama Halkano, jirani yetu Mborana. Yeye huzunguka nyumba kwa nyumba akifundisha watu mambo ya afya.

"Karibu, Mama Halkano. Napika."

"Hapana, hiyo ni kufua. Nguvu ya mboga umenywesha mchanga. " Akachungulia ndani. "Na hicho kikombe mbele ya mtoto?"

"Chai ya rangi. Anasikia baridi, anashushia chakula."

"Weka kando! Mwili unatengeneza damu kwa madini ya chuma, na hayo yako kwa maharagwe na terere. Chai ikiingia pamoja na chakula, inayazuia. Akishakula, angoje kama saa moja, ndio anywe."

"Sisi Wameru tumekunywa chai na chakula miaka yote."

"Na sisi Waborana tulikuwa tunasema majani ni ya mbuzi. Mimi nilifunzwa, sasa nakula. Umeniona nimeota pembe?"

Gatwiri alitazama tu. Hata kucheka hakuwa na nguvu.

Usiku huo niliroweka maharagwe. Kesho yake nilimwaga maji ya kurowekea, nikayachemsha kwa maji safi. Yaliiva upesi, bila magadi.

"Magadi inaua vitamini," Dokata alisema alipokuja tupike pamoja.

Yeye alikaanga kitunguu kwa samli, akatia nyanya na bizari, vile wanapika kwao. Mimi nikatia viazi, karoti na malenge ya kutoka mashamba ya Rapsu, vile mama yangu alikuwa anapika. Tukamimina maharagwe pamoja na maji yake. Terere niliiosha kwanza, ndio nikaikata. Iliingia mwisho.

"Ikilegea tu, epua," Dokata akasema. "Na umkamulie ndimu kwa sahani. Inasaidia mwili kuchukua ile chuma. Lakini vidonge asiache. Chakula na dawa vinaenda pamoja."

Gatwiri akaonja. "Huu mchuzi ni wa Kimeru ama wa Kiborana?"

"Ni wa Chechelesi," Dokata akajibu.

Mtoto akacheka. Kicheko hicho sikuwa nimekisikia tangu matanga. Nikageukia jiko kama mtu anayepuliza makaa.

Tulipika hivyo baridi yote. Mwezi wa kumi tukarudi kliniki. Akatobolewa kidole tena.

"Damu imepanda vizuri," daktari akasema. "Mlifanya nini?"

Gatwiri akamweleza mwenyewe: vidonge, maharagwe bila magadi, terere isiyomwagwa maji, ndimu, chai baadaye.

Daktari akatabasamu. "Safi kabisa. Ndivyo inatakiwa."

"Kwani wewe ulikuwa unajua?" mtoto akamuuliza.

"Ndiyo. Sisi wote hapa tunajua."

Gatwiri akanitazama, kisha akamgeukia.

"Sasa mbona mama hamkumwambia?"