Gari la Kila Mtu

Kila asubuhi kabla ya shule nilifagia maranda katika karakana ya mama. Mama ni seremala wa vitanda, na wale waliomcheka eti mwanamke hawezi kushika randa, leo wanalala juu ya kazi yake. Vitanda alivisafirisha kwa pikapu yake kuukuu. Ufunguo ulitundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango, na ukoo mzima uliujua. Aliyetaka alichukua tu. Kuomba ruhusa kulionekana ni kujifanya mgeni. Mimi jambo hilo liliniudhi, lakini nani aliniuliza?

Jumatatu moja waliingia askari wawili. Pampu ya maji ya zahanati ilikuwa imeibwa Jumamosi mchana, na watu waliona namba za pikapu iliyoibeba.

"Gari ni lako, mama?" askari wa kike aliuliza.

"Ni langu."

"Jumamosi liliendeshwa na nani?"

Mama aliinamia ubao wake. Bibi, mama yake mzazi, akawahi kujibu, "Hatujui, mwanangu. Hilo ni gari la kila mtu."

"Kwenye kadi lina jina moja tu," alisema askari. "Kama dereva hajulikani, tutaondoka na mwenye gari. Na gari tutalizuia."

Nilijua dereva ni nani. Mama pia alijua. Mdogo wake, tuliyemwita Mjomba Spidi, alichukua ufunguo mbele yetu akisema anakwenda kubeba viti vya harusi. Bibi akanifinya mkono.

"Nyamaza. Haya ni mambo ya wakubwa."

Hasira zilinipanda. Mama awekwe ndani kwa kosa la mtu mzima mwenye akili zake?

"Sinyamazi, bibi," nilisema. "Ni Mjomba Spidi. Hata ukinifinya mpaka kesho, ni yeye."

Mama aliweka randa chini. "Mtoto anasema kweli. Nilikuwa namficha ndugu yangu."

Mjomba alikamatwa siku hiyo hiyo. Pampu ilikutwa uani kwake, chini ya turubai. Mama aliandika maelezo kituoni mara mbili, na pikapu ilikaa huko siku tisa. Vitanda vitatu vilichelewa kuwafikia wateja.

Siku ya kuirudisha, yule askari alimwambia mama, "Gari lako likitumika kuiba, sisi tunaanza na wewe. Mjue anayelichukua na anakokwenda. Ukishajua, usifiche, maana kuficha nako ni kosa."

Bibi alininunia wiki nzima. Siku alipofungua mdomo, alisema, "Umemuuza mjomba wako."

Nilitaka kujibu, lakini mama alinitangulia.

"Hakumuuza mtu, mama. Mwanao aliniacha mimi nishikwe badala yake, na wewe ulikuwa tayari kuniacha niende. Huyu mtoto peke yake ndiye aliyekataa."